Daktari Anajibu: Siku Zinazofuata Upasuaji wa Utumbo

Katika toleo lililopita niliandika kwa kifupi kuhusu utumbo kujisokota, ugonjwa unaowapata hasa wanaume watu wazima na ambao mara nyingi huishia kwenye meza ya upasuaji. Barua zilizofuata zimenishangaza kidogo, kwa sababu ni chache zilizouliza habari za ugonjwa wenyewe. Karibu zote ziliuliza yale yanayotokea baada ya nyuzi kufungwa, mgonjwa akisharudishwa wodini au akiwa tayari amelala kwake. Nimechagua tano, nikazifupisha na kuondoa kila kitu kinachoweza kumtambulisha mwandishi. Msomaji akumbuke kwamba anajibiwa na mtu ambaye hajamshika tumbo, na kwamba mwenye dalili mojawapo ya hatari nitakazozitaja aende hospitali kwanza, gazeti alimalizie baadaye.

*Shikamoo Daktari. Baba yangu mwenye umri wa miaka 63 alifanyiwa upasuaji wa dharura baada ya utumbo mpana kujisokota. Tuliambiwa kuwa kipande kilichooza kimekatwa na ncha mbili zimeunganishwa. Siku ya tatu aliketi kitandani akazungumza na wajukuu, na siku ya nne alianza kunywa uji tuliompelekea. Siku ya sita tumbo lilijaa, akapata kwikwi isiyokoma, akawa anahema na kusema maneno yasiyoeleweka. Tulipouliza tuliambiwa ni gesi. Usiku wa siku ya saba alirudishwa chumba cha upasuaji, na sasa ana mfuko wa choo tumboni. Baadhi ya ndugu wanasema uji wetu ndio uliofumua mshono, wengine wanasema daktari alishona vibaya. Nani alikosea? – Binti wa mgonjwa, Morogoro*

Marahaba, binti yangu, na pole kwa kuuguza. Nitaanza na uji, kwa maana naona ndio unaokunyima usingizi. Uji haukufumua mshono wa baba yako. Mate, nyongo na maji mengine ambayo mwili wenyewe huyamimina ndani ya njia ya chakula hufikia lita kadhaa kwa siku, hata kama mgonjwa hajaonja kitu, kwa hiyo kumfunga mdomo hakuufanyi mshono ukae mkavu. Zamani tuliwanyima wagonjwa chakula mpaka watoe hewa, tukiamini kwamba tunaulinda mshono. Tangu miaka ya 1990, kutokana na kazi iliyoanzishwa na mpasuaji wa Denmark, Henrik Kehlet, hospitali nyingi duniani zimekuwa zikiwaruhusu wagonjwa wanywe na kula vyakula laini mapema, mara nyingi ndani ya siku ya kwanza, na kuwatoa kitandani upesi, bila mishono kuonekana ikivuja zaidi kwa sababu hiyo.

Kilichompata baba yako ni kuvuja kwa mshono wa ndani, yaani pale ncha mbili za utumbo zilipounganishwa paliachia, na uchafu wa utumbo ukamwagika katika uwazi wa tumbo. Jambo hili lina kalenda yake, na ni vyema kuielewa. Ncha hizo zinapounganishwa, kwa siku tatu au nne za mwanzo kinachozishikilia ni uzi au pini ndogo za mashine, na si nyama iliyopona, kwa sababu mwili huanza kwa kuzivunja nyuzinyuzi za zamani kandokando ya jeraha kabla ya kusuka mpya. Mgonjwa huweza kuonekana vizuri kabisa katika siku hizo, akacheka na wajukuu kama alivyofanya mzee, huku mshono ukiwa katika siku zake dhaifu kuliko zote. Ndiyo maana kuvuja hujitokeza zaidi kati ya siku ya tano na ya saba, ingawa kunaweza kuonekana hata baada ya wiki mbili, mgonjwa akiwa ameshakwenda nyumbani.

Sababu zake ni nyingi, na mkono wa mpasuaji ni mojawapo tu. Ncha zinahitaji damu ya kutosha na zisivutane. Mgonjwa aliyekonda kwa kukosa protini, mvutaji wa sigara, mwenye kisukari kisichodhibitiwa na anayetumia dawa za steroidi kwa muda mrefu wote hupona polepole. Mshono ulio chini kabisa karibu na njia ya haja kubwa huvuja mara nyingi kuliko ule wa utumbo mwembamba. Na upasuaji wa dharura, utumbo ukiwa umeshaoza na presha ya mgonjwa ikiwa imeshuka, huanza na mzigo mkubwa kabla hata kisu hakijashikwa. Baba yako alikuwa katika kundi hili la mwisho. Wapasuaji mahiri kuliko mimi wamevujiwa na mishono waliyoishona kwa uangalifu wote.

Hata hivyo, liko jambo moja katika barua yako ambalo sitalipita kimya, nalo ni lile jibu la gesi. Ni kweli kwamba baada ya upasuaji utumbo hulala. Utumbo mwembamba huamka ndani ya saa 24 hivi, tumbo la chakula ndani ya siku moja au mbili, na utumbo mpana huwa wa mwisho, siku ya tatu hata ya tano, hapo ndipo linapotoka lile swali la wauguzi ambalo huwachekesha wageni wa wodini, “Babu, umejamba?”, na ambalo kwetu ni swali zito sana. Utumbo ukichelewa kuamka tumbo hujaa, mgonjwa hupata kichefuchefu na huenda akatapika, lakini anabaki na akili zake na moyo wake unakwenda kwa utulivu. Gesi hujaza tumbo, lakini gesi peke yake haimfanyi mzee ahahe na kuweweseka. Mapigo ya moyo yanayopanda na kukataa kushuka, kuhema, homa, maumivu yanayozidi badala ya kupungua, kuchanganyikiwa kwa mtu aliyekuwa timamu jana yake, na zaidi ya yote kurudi nyuma kwa mgonjwa aliyekwisha kupata nafuu: hayo, kuanzia siku ya tatu na kuendelea, yachukuliwe kuwa ni kuvuja mpaka ithibitishwe vinginevyo, kwa kumpima tena, kuchukua damu na kumpiga picha ya CT pale ilipo.

Si kila homa ni balaa. Papa Fransisko alipokatwa sehemu ya utumbo mpana huko Roma tarehe 4 Julai 2021, siku ya tatu jioni alipatwa na homa ya muda. Madaktari walimpiga picha za kifua na tumbo, hawakuona tatizo, na tarehe 14 akaruhusiwa kwenda nyumbani. Hawakusema ni homa tu. Walitazama kwanza, ndipo wakatulia.

Kwa hiyo, kama familia inataka kuuliza jambo, msiulize nani alishona vibaya. Ombeni kikao na daktari wa wodi, mkiwa na faili mkononi, na muulize kwa heshima dalili za kwanza zilionekana saa ngapi, nani aliarifiwa na ilichukua muda gani mpaka uamuzi ukafanyika. Ni swali la haki na lina jibu. Kuhusu mfuko, msiuone kama adhabu. Tumbo likiwa limejaa uchafu, kuunganisha tena papo hapo ni kucheza na uhai wa mgonjwa, na kuitoa ncha nje ndiyo njia salama. Mara nyingi utumbo huweza kurudishwa baada ya miezi mitatu hadi sita, mgonjwa akiwa amenenepa kidogo na damu imekaa sawa. Hapo uji wenu utakuwa na kazi kubwa, hasa ukiwekwa maziwa na kufuatiwa na mayai, samaki au maharage yaliyopikwa yakalainika.

*Daktari, nina miaka 28. Nilipasuliwa katikati ya tumbo baada ya kidole tumbo kupasuka na usaha kusambaa. Niliruhusiwa siku ya tano. Leo ni siku ya nane. Niliamka nikakuta shati limelowa maji kama ya nyama iliyooshwa, hayanuki na siumwi sana. Bibi anasema ni damu mbaya inajitoa, anataka kunikanda kwa maji ya moto. Je, ningoje siku ya kliniki wiki ijayo? – Msomaji, Tanga*

Barua hii haikungoja zamu yake ya kuchapishwa. Mhariri alimtafuta kijana huyu siku ileile ilipopokelewa, na bahati njema akaambiwa kwamba mama mmoja mkunga, jirani yao, alikuwa ameshamrudisha hospitali, ambako alishonwa upya. Naichapisha kwa sababu ya yale maji.

Ukuta wa tumbo una tabaka kadhaa, na linalobeba uzito si ngozi bali ni utando mgumu unaofunika misuli. Utando huo ukiachia chini kwa chini huku ngozi ikiwa bado imeshikwa na nyuzi zake, kinachopenya ni maji ya ndani ya tumbo, mepesi, ya rangi ya waridi iliyofifia, na hutokea aghalabu kati ya siku ya tano na ya kumi. Hayanuki, hayaumi, na kwa hiyo hayamtishi mtu. Kisha mgonjwa hukohoa au hujikaza chooni, ngozi nayo ikafumuka, na utumbo ukatokeza nje. Wenye hatari zaidi ni wale waliokuwa na usaha tumboni, wanaokohoa, wanaotapika mfululizo na waliodhoofika kwa maradhi ya muda mrefu. Anayeona maji hayo alale chali, asile wala kunywa, na apelekwe hospitali iliyo karibu. Kama utumbo umeshatokeza, usisukumwe kurudi ndani. Ufunikwe kwa kitambaa safi kilicholowekwa kwa maji yaliyochemshwa yakapoa, yakitiwa chumvi kidogo, na kitambaa kisiachwe kikauke njiani.

Kukanda, kwa heshima zote kwa bibi, kubakie kwa wazazi na misuli iliyochoka, maana tumbo lenye mshono halikandwi.

Kidonda kilichoota usaha ni habari nyingine, ya kawaida zaidi na isiyotisha kiasi hicho. Huwa chekundu au cheusi kuliko ngozi ya kando yake, hupata joto, huvimba, huuma kwa kupwita, na usaha huonekana mara nyingi kati ya siku ya tano na ya kumi, ingawa hatari yenyewe huendelea kwa siku 30. Tiba yake ya kwanza ni kufungua nyuzi chache ili usaha utoke na kukisafisha kila siku. Dawa za antibiotiki huhitajika pale wekundu unaposambaa au homa inapopanda. Wapo wanaodai waongezewe sindano za siku saba “kwa usalama”, na nawaelewa, lakini mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2016 unasema wazi kwamba kuendeleza antibiotiki za kinga baada ya upasuaji kukamilika hakuzuii kidonda kuoza. Na ile desturi ya kufungua kapsuli na kuumimina unga wake juu ya kidonda haisaidii chochote. Hutengeneza gamba, usaha ukabaki chini yake.

*Assalamu alaykum Daktari. Nina miaka 44. Mwaka huu nilitolewa uvimbe wa saratani karibu na njia ya haja kubwa, nikawekewa kwa muda tundu la utumbo mwembamba upande wa kulia ili mshono wa chini upone. Mfuko unajaa mara saba au nane kwa siku, choo ni maji matupu. Nahisi kizunguzungu nikiinuka kutoka kusujudu, misuli ya miguu inanikaza usiku na mkojo umekuwa kidogo. Nakunywa maji mengi sana na madafu. Ramadhani inakaribia nami sijawahi kuacha kufunga. – Dada yenu, Unguja*

Waalaykumu salaam, dada. Katika barua zote tano, hii ndiyo iliyonikalisha kwa muda mrefu, kwa sababu unajitahidi kwa uaminifu kufanya jambo linalokuumiza.

Kazi kubwa ya utumbo mpana ni kurudisha maji na chumvi mwilini kabla choo hakijatoka. Choo kinapotokea kwenye utumbo mwembamba, kazi hiyo haifanyiki. Baada ya wiki chache za kuzoea, mfuko wa ileostomi, yaani tundu la utumbo mwembamba kama lako, hupokea kwa kawaida kati ya nusu lita na lita moja kwa siku, uzito wake ukiwa kama uji mzito. Ukivuka lita moja na nusu mwili huanza kukauka, na ukifika lita mbili figo ziko hatarini. Dalili ulizoziandika, yaani kizunguzungu, kukazwa na misuli na mkojo kidogo, ni za mtu aliyekwisha kauka, kwa hiyo usingoje Ramadhani: nenda wiki hii ukapimwe figo na chumvi za damu. Mpaka uende, tumia jagi lenye vipimo kila unapomwaga mfuko na uandike jumla ya saa 24, maana daktari atafurahia takwimu hiyo kuliko maelezo yoyote. Lakini jumla ikifika lita mbili, au ukishindwa kusimama kwa kizunguzungu, au ukapitisha nusu siku bila mkojo, nenda siku hiyohiyo.

Sasa yale maji. Watu wengi hudhani kwamba anayepoteza maji anywe maji, na kwa mtu mwenye utumbo kamili ni kweli. Kwako wewe maji matupu yanapofika kwenye utumbo huvuta chumvi kutoka kwenye damu na kuiingiza ndani ya utumbo, kisha yote mawili hutoka pamoja kwenye mfuko, nawe ukabaki na kiu kuliko mwanzo. Dafu nalo, pamoja na sifa zake zote, lina potasiamu nyingi na sodiamu kidogo, na unachopoteza wewe ni sodiamu. Punguza maji matupu, chai na juisi vikae karibu na lita moja kwa siku au chini yake, na sehemu iliyobaki iwe ORS, ile dawa ya unga ya kurudisha maji na chumvi mwilini, pakiti moja katika lita moja ya maji safi, ukinywa kwa mafunda madogomadogo mchana kutwa. Pakiti zikikosekana, vijiko sita vya chai vya sukari vilivyosawazishwa na nusu kijiko cha chumvi katika lita moja ya maji vinafaa kwa muda. Daktari wako anaweza kukuandikia mchanganyiko wenye chumvi zaidi, pamoja na loperamidi ya kumeza nusu saa kabla ya chakula ili utumbo upunguze mwendo.

Kuhusu saumu, mimi si wa kutoa fatwa. Nitasema la kitabibu tu. Kwa mwenye ileostomi inayotoa maji mengi, kukaa tangu alfajiri hadi magharibi bila ORS katika joto la Unguja kunaweza kuishia kwenye dripu au kwenye kuharibika kwa figo. Ruhusa ya mgonjwa kuahirisha siku zake imo katika Suratul Baqara, aya ya 184, nawe utaikuta imeelezwa vizuri zaidi na sheikh wa mtaa wako. Tundu lako ni la muda, na likisharudishwa ndani utakuwa na nafasi ya kulipa. Mwenye kolostomi, yaani tundu la utumbo mpana, ambaye sehemu kubwa ya utumbo mpana bado inafanya kazi, ana hali tofauti, na wengi wao hufunga baada ya kupona kwa idhini ya daktari.

Nikiwa bado upande wa pwani, niongeze la nazi. Tundu la utumbo mwembamba ni jembamba, na vitu visivyosagika huweza kuliziba: chicha, mahindi ya kuchoma, karanga, uyoga, nyuzi za embe, utando wa chungwa, makapi ya miwa. Tui lililochujwa halina neno, adui yako ni chicha. Mfuko ukikaa mtupu kwa saa nyingi huku tumbo likisokota na kutapika kukianza, hiyo ni dharura. Na kama ngozi ya kando ya tundu inawasha na kuchubuka, chanzo karibu kila mara ni bamba la mfuko kukatwa tundu kubwa mno, choo kikagusa ngozi. Likatwe liizidi stoma, yaani tundu lenyewe la utumbo, kwa milimita mbili au tatu tu, na upimwe upya, kwa sababu stoma hunywea katika wiki za mwanzo.

*Habari Daktari. Mwaka 2014 nikiwa kidato cha kwanza utumbo wangu ulitoboka kwa taifodi nikapasuliwa. Tangu mwaka juzi nimelazwa mara tatu kwa tumbo kusokota na kutapika nyongo. Huwekwa mrija wa puani na dripu, baada ya siku mbili napona. Mama mkwe anasema nimerogwa, na mume wangu anaamini walisahau kitambaa tumboni. – Msomaji, Kakamega*

Habari ni njema, mama. Kusahauliwa kwa kitambaa hutokea, lakini ni nadra, na picha ya CT huonyesha. Kama hujawahi kupigwa, iombe ili mumeo atulie. Maelezo yako yanaelekea zaidi kwenye kushikamana kwa utumbo. Tumbo likishafunguliwa, sehemu zilizochubuka hutoa utando wa kunata ndani ya siku chache, na utando huo hukomaa ukawa kama kamba zinazounganisha utumbo kwa utumbo au utumbo kwa ukuta wa tumbo. Taifodi hutoboa utumbo mwembamba karibu na mwisho wake, kwa kawaida katika wiki ya tatu ya ugonjwa, na kwa kuwa uchafu humwagika tumboni, kamba zinazobaki huwa nyingi. Huweza kukaa kimya kwa miaka 10 au 20, kisha siku moja utumbo ukajipinda juu yake.

Kupona kwa mrija na dripu ni jambo zuri, na usimlaumu daktari kwa kutokukimbilia kisu, kwa sababu kila upasuaji wa kukata kamba hizo hupanda mbegu za nyingine. Kinachobadilisha uamuzi ni maumivu yanayoacha kuja kwa mawimbi na kuwa ya moja kwa moja, homa, moyo kwenda mbio na tumbo kuwa gumu, kwani hapo huenda utumbo unanyongwa na kukosa damu, na saa chache hutosha kuuharibu. Uliza pia kama mwaka ule ulikatwa kipande kirefu cha mwisho wa utumbo mwembamba. Hapo ndipo vitamini B12 hufyonzwa, na upungufu wake hujitokeza polepole baada ya miaka kwa uchovu, upungufu wa damu na ganzi ya miguu.

*Daktari, mimi ni fundi wa kuchomelea vyuma, miaka 52. Wiki tano zimepita tangu nikatwe sehemu ya utumbo mpana kwa sababu ya saratani. Nataka kujua lini nitabeba mitungi ya gesi, na jambo jingine la aibu kidogo ni kwamba tangu upasuaji nguvu za ndoa zimepungua. Mengine si makubwa, ila shavu la mguu wa kushoto limevimba tangu juzi. Mke wangu ananichua kwa dawa ya misuli. – Fundi, Dodoma*

Fundi, nimeijibu barua yako kuanzia mwisho. Mguu mmoja kuvimba ndani ya wiki chache baada ya upasuaji wa tumbo, na hasa upasuaji wa saratani, ni dalili ya damu kuganda ndani ya mshipa mpaka kipimo cha ultrasaundi kiseme vinginevyo. Bonge hilo likikatika husafiri hadi kwenye mapafu, na mtu huanguka ghafla akiwa na maumivu ya kifua au kukosa pumzi. Mke wako aache kukuchua leo hii, na wewe uende hospitali leo hii. Saratani yenyewe huifanya damu iwe nyepesi kuganda, na ndiyo sababu baadhi ya wagonjwa hupewa sindano za kuzuia kuganda hadi siku 28 baada ya upasuaji. Waulize kama wewe ulipewa.

Mitungi isubiri. Kwa wiki sita za mwanzo usiinue zaidi ya kilo nne au tano, na ndoo ya maji ya lita 20 ni kilo 20. Baada ya hapo ongeza kidogo kidogo, na mtungi wa chuma ambao peke yake huzidi kilo 50 uuweke mbali kwa miezi mitatu, kisha uuzungushe au uupakie kwenye toroli badala ya kuubeba. Kovu la katikati ya tumbo hukaribisha ngiri, pengine miaka baadaye. Papa Fransisko niliyemtaja hapo juu alirudi mezani tarehe 7 Juni 2023 kwa sababu hiyohiyo: ngiri ilikuwa imetokea penye kovu la zamani, utumbo ukawa unabanwa na kumuuma mara kwa mara, na ndani walikuta pia umeshikamana. Yeye hakuwa mbeba mitungi.

Na lile la aibu halina aibu. Kama uvimbe ulikuwa chini, karibu na njia ya haja kubwa, mishipa ya fahamu inayohudumia uume hupita kandokando ya eneo hilo na huweza kuchubuliwa hata mpasuaji akiwa mwangalifu. Baadhi ya wagonjwa hurejewa na nguvu ndani ya mwaka mmoja, na kwa wengine ziko dawa. Kama uvimbe ulikuwa juu zaidi, wiki tano za uchovu, upungufu wa damu na hofu ya mshono kufumuka zinatosha kueleza hali hiyo. Mweleze daktari wako waziwazi siku ya kliniki, mkeo akiwa chumbani, na umwambie pia kama mkojo unatoka vizuri, kwa sababu mishipa ni ileile.